Barua ya Kukatwa Pensheni: Ulipe, Ulalamike au Uende Kortini?

Barua hii humkuta mtu ameshasahau habari za kazi. Mwalimu mstaafu wa Likoni, karani wa Tudor, muuguzi aliyemaliza utumishi wake akarudi Kisauni: amezoea pensheni kuingia benki kila mwezi, mara inakuja karatasi yenye muhuri ikimwambia alilipwa zaidi ya haki yake na kwamba kiasi hicho kitarudishwa kwa kukatwa. Chini kuna mstari wa kutia sahihi. Wapo wanaosaini papo hapo, kwa kuwa Serikali imesema. Wapo wanaokimbilia kwa wakili siku hiyo hiyo. Kwa maoni yangu wote wawili wamefanya haraka.

Njia zilizo mbele ya mstaafu ni tatu: kukubali na kupanga awamu, kupinga kwa maandishi na kulifikisha lalamiko kwa Ombudsman, yaani Tume ya Haki ya Utawala, au kushtaki. Nitazilinganisha. Lakini mtu hawezi kuchagua njia kabla ya kujua ni nani anayedai na anadai kwa sababu gani, maana sheria haikuwapa wadai wote nguvu sawa.

Nani anadai?

Hapa Kenya, pensheni ya watumishi wa wizara, walimu wa TSC (Tume ya Huduma za Walimu), polisi na askari wa magereza, ile inayolipwa na Idara ya Pensheni ya Hazina, iko chini ya Sheria ya Pensheni, Sura ya 189. Sheria hiyo inasema pensheni haiuzwi, haihamishwi kwa mtu mwingine, wala haikamatwi kwa deni. Milango iliyoachwa wazi ni miwili tu: deni la Serikali yenyewe, na amri ya mahakama ya kumlisha mke, mke aliyeachwa au mtoto mdogo. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai, Sura ya 21, nayo katika kifungu cha 44 inaitaja pensheni ya Serikali katika orodha ya mali isiyokamatwa kutimiza hukumu. Imo humo pamoja na vyombo vya kupikia, kitanda na zana za fundi.

Kwa hiyo mwenye duka, mkopeshaji wa mtaani, benki au Sacco hana njia ya kuiandikia Hazina ikamkatie pensheni yako. Akikutisha kwa hilo, mwache atishe.

Hapa ndipo watu wengi huteleza: kinga hiyo iko pale pesa zinapotoka. Zikishaingia katika akaunti, na wewe mwenyewe uliisainia benki ruhusa ya kujikatia mkopo kila tarehe fulani, kinachokukata ni mkataba wenu. Kwenda kuulizia makato ya namna hiyo Idara ya Pensheni ni kutupa nauli. Mazungumzo yake ni na meneja wa mikopo, kuomba muda urefushwe ili kiwango kishuke.

Jingine linalosemwa sana kwenye vibaraza ni kwamba "sheria hairuhusu kukatwa zaidi ya theluthi mbili". Hiyo ni Sheria ya Ajira ya 2007, na inazungumzia mshahara wa mtu aliye kazini. Usiitoe kwenye barua yako kama hoja ya pensheni, utajibiwa kwa sentensi moja na faili lifungwe.

Ikiwa mdai ni Serikali, mlango wa kwanza uko wazi na ni lazima ukubali hilo. Tena kifungu cha 5 cha Sheria ya Pensheni ni kikali: kinasema ofisa hana haki kamili ya pensheni, na kwamba ikithibitika alizembea au alifanya utovu wa nidhamu, pensheni inaweza kupunguzwa au kuzuiwa kabisa. Ukiisoma peke yake utaona mstaafu hana lake. Lakini juu yake ipo Katiba ya 2010. Ibara ya 47 inamtaka kila mwenye mamlaka atende kwa kufuata sheria, kwa busara na kwa utaratibu wa haki, na atoe sababu kwa maandishi anapogusa haki ya mtu. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 ikaeleza utaratibu wenyewe: taarifa mapema, nafasi ya kujieleza, sababu. Ibara ya 57 nayo inawapa wazee haki ya kuishi kwa heshima. Serikali inaweza kukudai, lakini haiwezi kukudai na kujihukumia yenyewe bila kukusikiliza. Mabishano karibu yote ya makato yanazunguka hapo.

Kabla ya yote, hesabu

Sijui kwa nini watu hubishana miezi mitatu juu ya deni ambalo hawajalihesabu. Fomula si siri: chukua mshahara unaohesabiwa kwa pensheni, wa mwaka mzima, zidisha kwa miezi uliyotumikia, gawanya kwa 480. Jibu ni pensheni ya mwaka. Robo yake ikizidishwa kwa 20 ndiyo kiinua mgongo cha mkupuo. Robo tatu zilizobaki, zikigawanywa kwa 12, ndizo unazopata kila mwezi.

Tuseme bibi mmoja alistaafu na mshahara wa shilingi 48,000 kwa mwezi, faili likaonyesha miezi 360 ya kazi. Mshahara wa mwaka ni 576,000, pensheni ya mwaka 432,000. Kiinua mgongo kilikuwa 2,160,000, na kila mwezi akapata 27,000. Miaka sita baadaye mkaguzi anagundua kwamba miezi 24 ilikuwa likizo isiyo na malipo na haikustahili kuhesabiwa. Kwa miezi 336, pensheni ya mwaka inakuwa 403,200, kiinua mgongo 2,016,000, na ya mwezi 25,200. Alizidishiwa 144,000 kwenye mkupuo na 1,800 kila mwezi kwa miezi 72, yaani 129,600. Jumla ni 273,600.

Ukiwa na hesabu hii mkononi, barua inayosema "shilingi 273,600" unaielewa. Inayosema 410,000 bila mchanganuo ina jambo la kujibu. Na utaona kwamba jambo la kubishania pengine si hesabu kabisa, ni ile miezi 24: je, likizo ile ilikuwa ya bila malipo kweli, au alikuwa masomoni kwa idhini na mshahara ukilipwa? Barua ya kuajiriwa, ya kuthibitishwa kazini, za kupandishwa cheo na payslipu za miaka ile ndizo zinazoamua. Mzee aliyezitupa wakati wa kuhama nyumba anaanza vita mikono mitupu.

Faili likiwa huko kwao, Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inakupa haki ya kuomba mchanganuo na nakala za karatasi zilizotumika, na ofisi inatakiwa ijibu ndani ya siku 21. Ombi lenyewe ni barua ya ukurasa mmoja. Itume kwa rejista pale Posta ya Digo Road, na ile risiti ibandike kwenye nakala yako.

Njia tatu, ubavu kwa ubavu

| | Kukubali na kupanga | Kupinga na Ombudsman | Kushtaki |
|---|---|---|---|
| Gharama | Hakuna, ila deni lenyewe | Bure, ila nauli na nakala | Wakili na ada za korti. Ukishindwa huenda ukalipa gharama za upande wa pili |
| Makato yanasimama? | Hapana, yanapunguzwa makali | Mara nyingine, kwa hiari ya ofisi | Ndiyo, ukipata amri ya muda |
| Anayeamua | Nyinyi wawili | Tume inachunguza na kupendekeza | Jaji |
| Hatari kubwa | Kukiri deni lisilo lako | Muda kukupita ukingoja majibu | Kesi kuwa ndefu kuliko deni |

Jedwali halisemi kila kitu, hasa kuhusu safu ya katikati.

Kukubali si woga. Kama mshahara uliendelea kuingia miezi miwili baada ya tarehe ya kustaafu, ulijua, na ulizitumia, pesa hizo si zako na hakuna jaji atakayekuonea huruma sana. Vivyo hivyo masurufu ya safari uliyochukua na hukurudisha stakabadhi zake. Hapo kinachofaa kupigania ni masharti. Omba awamu kwa maandishi, pamoja na bajeti yako fupi: kodi ya nyumba, dawa za presha na sukari, karo ya mjukuu unayemlea. Kwa yule bibi wetu, kukatwa robo ya pensheni yake mpya, shilingi 6,300, deni linaisha kwa miezi 44. Kukatwa 2,000 ni zaidi ya miaka kumi na moja, na ofisi nyingi hazitakubali. Kati ya hapo kuna nafasi ya kuelewana. Sharti moja nalisisitiza kuliko yote: barua itaje mwezi wa makato ya mwisho. Makato yana tabia ya kuendelea baada ya deni kwisha, kwa kuwa aliyeyaingiza kwenye mfumo amehamishwa na aliyekuja hana habari.

Kupinga kwa maandishi ndiyo njia ninayoipendelea kwa madai mengi ya "kuzidishiwa". Unaanza na Idara ya Pensheni au mwajiri wako wa zamani, yeyote aliyeandika barua. Barua yako iseme mambo matatu bila maneno mengi: sikubali kiasi hiki, naomba mchanganuo na sababu, naomba makato yasianze mpaka nisikilizwe. Wasipojibu, unakwenda Tume ya Haki ya Utawala, ile wote wanaiita Ombudsman, iliyoundwa kwa sheria ya 2011. Ina ofisi hapa Mombasa, na malalamiko hupokelewa hata kwa mdomo kutoka kwa asiyejua kuandika. Tume hiyo hiyo ndiyo inayosimamia haki ya habari, kwa hiyo ofisi iliyokunyima mchanganuo inajikuta inajibu makosa mawili mahali pamoja.

Udhaifu wake ni kwamba haina rungu la jaji. Inaandika, inaita, inapendekeza. Maofisa wengi hujibu barua ya Tume upesi kuliko ya mstaafu, na kwa faili lililokwama hilo linatosha. Kwa ofisi iliyoamua kukaidi, halitoshi.

Kisha kuna suala la mpangilio, na hili mawakili hawalitaji sana. Tume hairuhusiwi kuchunguza jambo ambalo tayari liko mahakamani. Ukishtaki kwanza, umejifungia mlango wa bure. Na upande wa pili, mahakama nayo inataka kuona umetumia kwanza njia za ndani zilizopo kabla ya kuomba mapitio ya hatua ya kiutawala. Kwa hiyo barua na Tume hutangulia, korti hufuata.

Ila usiisahau kalenda. Ukitaka jaji aufute uamuzi kwa njia ya mapitio chini ya Sheria ya Marekebisho ya Sheria, maombi yanatakiwa yafike ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Kwa madai yanayotokana na mkataba wa kazi, Sheria ya Ajira inaweka miaka mitatu. Mtu anayengoja majibu ya Tume mwezi wa saba huku hajamwona wakili amejipunguzia silaha. Ikifika mwezi wa nne hakuna kilichosogea, tafuta ushauri. Kituo cha Sheria wana ofisi Mombasa na huwasaidia wasio na uwezo.

Kushtaki, kwa mtumishi wa umma, ni Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, na inaketi hapa hapa, huhitaji kupanda treni kwenda Nairobi. Nguvu yake kubwa ni amri ya muda ya kusimamisha makato wakati kesi ikisikilizwa. Nasema makusudi kwamba hiyo ndiyo nguvu yake, kuliko hukumu ya mwisho. Kuizuia Serikali isichukue ni rahisi kuliko kuitoa ilichokwisha kuchukua, kwa sababu sheria hairuhusu mali ya Serikali kukamatwa na madalali. Ukishinda kurudishiwa 200,000 utapewa hati ya hukumu, halafu huenda ukarudi tena kortini kuomba ofisa alazimishwe kulipa. Nani ana umri huo? Kwa hiyo kama korti ndiyo njia yako, iendee kabla makato hayajaanza au yakiwa machanga.

Nani hasa aende kortini mapema? Aliyeshutumiwa kosa la nidhamu na pensheni yote ikazuiwa bila kuitwa kujieleza. Hapo hakuna la kupanga awamu, na kila mwezi ni njaa. Pia aliyekatwa kiasi kwamba kinachobaki hakimfikishi tarehe kumi.

Wa bandari na wa kaunti, njia yenu ni nyingine

Mombasa ina wastaafu wengi ambao pensheni yao haitoki Hazina. Waliofanya kazi bandarini, mashirika ya umma na kaunti wako katika mifuko inayosimamiwa na wadhamini chini ya Sheria ya Mafao ya Uzeeni ya 1997. Kinga yao ni kubwa kwa namna yake: hukumu dhidi ya mwanachama haitekelezwi juu ya michango yake isipokuwa kwa jinsi kanuni za mfuko zinavyoruhusu. Kwa hiyo karatasi ya kwanza ya kuomba ni kanuni za mfuko, si barua ya mwajiri.

Mzozo wao nao hauanzii kortini. Wastaafu wa bandari walifika hadi Mahakama ya Juu, na uamuzi wa 2019 ukasema mgogoro wa mwanachama na wadhamini uanzie kwa Mamlaka ya Mafao, RBA, kisha Baraza la Rufaa, kabla ya mahakama. Unaandika kwa wadhamini, hukuridhika unamwomba Ofisa Mkuu wa RBA apitie uamuzi, hukuridhika una siku 30 za kukata rufaa kwa Baraza. Siku 30 ni chache kwa mzee anayesubiri mtoto arudi kutoka Doha amsomee barua.

Waajiriwa wapya wa Serikali nao, walioingizwa katika mpango wa kuchangia ulioanza Januari 2021, wanakatwa asilimia 7.5 na mwajiri anaongeza 15. Fedha zao ziko katika mfuko wenye jina lao, jambo linalobadilisha mjadala wa nani anaweza kuzigusa. Hao hawajaanza kupokea barua hizi kwa wingi, lakini watoto wetu walio kazini wasidhani kanuni za baba zao ndizo zao.

Sahihi ile ya chini

Nirudi kwenye ule mstari wa sahihi, kwa sababu ndiko uamuzi mzima unakoharibikia. India, ambako sheria ya pensheni ina asili moja na yetu ya Kiingereza, Mahakama ya Juu iliamua Desemba 2014, katika kesi ya Jimbo la Punjab na Rafiq Masih, kwamba Serikali isirudishe pesa ilizozidisha kwa kosa lake kutoka kwa mtumishi wa ngazi za chini, kutoka kwa aliyestaafu au anayestaafu ndani ya mwaka mmoja, wala pale malipo ya ziada yalipoendelea zaidi ya miaka mitano kabla ya amri ya kuyarudisha. Uamuzi huo haumfungi jaji wa Mombasa, ila wakili anaweza kuutoa kama mfano wa kufikiriwa.

Lakini mwaka 2016 mahakama hiyo hiyo ilikutana na jaji aliyekuwa ametia sahihi, wakati wa kupandishiwa mshahara, kwamba atarudisha chochote atakachozidishiwa. Kinga ikamkosa. Alikuwa amekubali mwenyewe.

Kwa hiyo, ukipewa fomu, isome nyumbani, si kaunta. Kama lazima uache alama kwamba umeipokea, andika "nimepokea, sikubali kiasi, naomba mchanganuo", tarehe, na jina. Ofisa akisema fomu haina nafasi ya maneno hayo, andika pembeni. Karatasi ina pembe nne.

Ningemshauri nani nini

Aliyelipwa mshahara baada ya kustaafu: kubali, panga awamu, pata mwezi wa mwisho kwa maandishi. Aliyezidishiwa kwa kosa la mhasibu miaka mingi iliyopita: omba mchanganuo, pinga, nenda Tume, na mwezi wa nne mwone wakili. Aliyezuiwa pensheni yote kwa tuhuma: wakili wiki hii. Wa bandari au kaunti: wadhamini, kisha RBA, ukihesabu siku. Mwenye mkopo wa benki au Sacco: hayo si makato ya pensheni, jadiliana na uliyekopa.

Imebaki familia ya aliyefariki, nayo hupata barua pia. Pensheni iliyoendelea kuingia baada ya mazishi kwa sababu hakuna aliyeripoti kifo hairithiwi, na Serikali ina haki ya kuidai. Ripoti kifo mapema, hata kabla ya arubaini, na usiruhusu kijana yeyote aendelee kutoa pesa kwa kadi ya marehemu. Lakini pensheni ya wategemezi, ile wanayolipwa mjane na watoto kwa miaka mitano baada ya mstaafu kufariki, ni malipo tofauti. Mjane akiona makato ndani yake kwa deni la marehemu, aulize kwa maandishi ni kifungu gani kinachoruhusu deni la mume likatwe kwenye malipo yake yeye, na asisaini chochote mpaka ajibiwe.